Macho ya Mkwe Wangu

Ingieni ndani, mvua hiyo haina adabu. Wewe mwenye kofia, ivue, hapa si gulioni. Na huo mlango wa jikoni muuache wazi. Nimesema uacheni! Moshi haujaua mtu. Mke wangu Mwanaidi yuko huko anapika, na leo nataka nisikike mpaka jikoni.

Mmekuja kutaka niwafundishe kazi ya kutembeza wageni. Haya. Nimewaona huko barabarani mnavyotembea mbele ya wageni kama mnaokimbizwa na nyuki, simu mkononi, mgeni akiuliza ua hili linaitwaje mnamjibu, "Hilo ni ua la porini." Jamani! Kwani mwenyewe hana macho? Kama hulijui jina la ua, muulize mama anayepita na mzigo wa majani ya ng'ombe, atakwambia jina lake, linatibu nini na nani alikufa kwa kulinywa vibaya. Mgeni atafurahi kuliko angeambiwa na kitabu.

Enzi zetu safari ilikuwa ya siku nzima. Tunaondoka Lushoto alfajiri, tunapanda Magamba, tunapita msituni, Malindi, Lukozi, Sunga, mpaka Mtae kule mlima unakokatika ghafla na chini unaona nyika yote imelala. Wageni wanakula, wanapiga picha, halafu tunarudi. Hoteli ilikuwa ya mzungu, baada ya Azimio la Arusha ikawa ya umma, na gari likabaki lilelile, Landrova ndefu yenye mabenchi mawili nyuma yanayotazamana. Wageni wenyewe walikuwa walimu wa kigeni, wataalamu wa chai na misitu, na wajumbe walioletwa kuona vijiji vya ujamaa. Mjumbe ukimwonyesha shamba la kijiji kwa saa tatu, ya nne anauliza kwa aibu kama kuna mahali pa kuona mandhari.

Shikeni haya kabla sijasahau. Msimtajie mgeni umbali kwa maili, mtajieni kona. Mwambie, "Bado kona ishirini," atahesabu na atatulia. Anayeongea sana garini hana shida, aliyenyamaza ghafla ndiye atakayetapika, mpeni tangawizi mapema. Na hesabuni vichwa kwa kugusa mabega. Mimi niliwahi kuhesabu kwa macho nikamwacha mwalimu mmoja mnene chooni Mtae, tukakumbuka tumefika Sunga. Dereva wangu aligeuza gari. Tulipomkuta yule mwalimu amekaa juu ya jiwe, watoto wa kijiji wamemzunguka wanamfundisha kuamkia, dereva akaniambia, "Gusa. Macho yanadanganya."

Huyo dereva ndiye habari yenyewe. Sitamtaja jina. Alikuja kuwa mkwe wangu, na kwetu jina la mkwe halitoki mdomoni mwako, hata akiwa kaburini. Nitamwita Mkwe, inatosha.

Yeye ndiye aliyenifundisha kazi. Nilikuwa kijana wa Mgwashi, darasa la nane, Kiingereza changu cha kuungaunga. Alinikalisha kiti cha mbele kando yake mwaka mzima, akinifundisha barabara. Aliijua kwa mwili. Angeweza kukwambia hapa gia ya pili, hapa piga honi mara mbili kwa sababu bibi wa nyumba ile ana mbuzi wajinga. Alinifundisha ukungu. Alisema ukungu wa asubuhi ukae uusubiri, una haya, utaondoka. Wa jioni ukimbie, maana huo umekuja kulala. Na alikuwa mkali wa salamu, wee! Usipomwamkia shikamoo anasimamisha gari katikati ya barabara, wageni ndani, akusute mpaka utamani ardhi ipasuke.

Basi nikampenda binti yake. Nikatuma mshenga, mzee mmoja wa Mlalo, posa ikakubaliwa. Sikujua kwamba siku ile nilimpata mke na kumpoteza mwalimu. Ninyi siku hizi mnakula sahani moja na baba wakwe zenu, mnataniana. Kwetu wakati ule, mkwe hukai naye bega kwa bega. Hukai kiti kimoja naye, humwambii neno la mwili wake, humwambii umekosea, humwambii umezeeka. Ukiwa na neno zito, unampelekea mshenga aliyeileta posa, yeye ndiye analifikisha. Mila ya busara kabisa, msiicheke. Nikahama kiti cha mbele, nikaenda kukaa nyuma na wageni. Siku zikawa zinapita tumesema "Shikamoo" na "Marahaba" tu.

Hapo ndipo nilipoanza kuona mambo.

Siku moja tunapita Malindi akasimamisha gari. Akashusha kioo, akaanza kufoka, "We mtoto! Unamtazama mtu mzima hivihivi? Kwenu hamna salamu?" Nikachungulia. Palikuwa na kisiki cha mkaratusi. Wageni wakaniuliza dereva anasema nini, nikawaambia anasalimia mizimu ya msitu. Wakaandika kwenye daftari zao! Tulicheka nyumbani mimi na Mwanaidi mpaka machozi. Wiki ile ile Mwanaidi akaenda kwao, akarudi hacheki. Akaniambia, "Baba anapapasa kikombe cha chai. Mama amemwekea mbele yake, anakitafuta kwa vidole."

Ilikuwa mtoto wa jicho, macho yote mawili. Ukimtazama vizuri uliona yameingia weupe kama maji ya mchele.

Na huyo ndiye aliyekuwa akituendesha kwenye kona zile.

Sasa sikilizeni nilichofanya, maana kuna siku nilijivunia. Nilianza kusema. Nikawa nawaelezea wageni kila kitu kabla hatujakifikia, kwa sauti ya kumfikia dereva. "Wageni wapendwa, mbele kidogo barabara inapinda kushoto, tazameni kulia mtaona bonde." "Wageni wapendwa, hapa tunapita daraja jembamba." "Mbele yetu ng'ombe wanne na mchungaji wao." Kiswahili kwanza, Kiingereza baadaye. Mgeni mmoja akaniuliza kwa nini Kiswahili kinatangulia na humu ndani hakuna anayekijua. Nikamwambia ndiyo siasa ya nchi yetu. Akanishika mkono, akanipongeza kwa uzalendo wangu.

Mkwe hakuwahi kusema kitu. Ila nilimwona. Nikisema kushoto, bega lake linakwenda kushoto kabla sijamaliza. Nikisema ng'ombe, mguu uko kwenye breki. Penye kunyooka, kama kile kipande cha msituni Magamba, nilipumzika, nikanywa maji, naye akakaza mwendo kidogo. Kona ikikaribia, naanza tena. Tulikwenda hivyo mwaka na zaidi, hakuna mgeni aliyejua. Barua za shukrani zikawa zinakuja hotelini kwamba wana kiongozi anayeeleza mpaka mashimo ya barabarani.

Mwanaidi alijua. Usiku na mchana alikuwa ananiambia, "Nenda Mlalo kwa mshenga. Baba aambiwe aache usukani, apumzike kwa heshima. Utaua watu." Nikamwambia nitakwenda Ijumaa. Ijumaa ikawa na wageni. Nikamwambia baada ya Idi. Idi ikapita. Mara ya tatu alilia, nikamwambia, "Nimekwenda. Mshenga ameongea naye. Amekataa, anasema ataacha mwenyewe."

Sikwenda.

Nasema kwa sauti, mnanisikia. Sikwenda Mlalo. Mshenga hakuambiwa, na Mkwe hakuambiwa. Mshenga naye akafariki masika yale kwa homa, uongo wangu ukapata pa kulala.

Mtaniuliza kwa nini. Nimejiuliza miaka yote. Nilijidanganya kwamba naogopa kumvunjia heshima, lakini mlango wa heshima ulikuwepo, kutembea saa tatu tu mpaka Mlalo. Ukweli ni kwamba nilikuwa nafurahi. Tangu nioe alikuwa hazungumzi nami, na sasa kila siku nilikuwa nasema na yeye ananijibu kwa bega. Yule mzee mkali, aliyenifundisha kila kitu, alikuwa ananihitaji mimi. Akiacha usukani, nani atanihitaji tena? Ubinafsi huo, wanangu. Nauonea aibu mpaka leo.

Siku yenyewe ilikuwa baada ya mvua kubwa. Chini ya Magamba, unaposhuka kuja Lushoto, kona ya tatu ilikuwa imebomoka upande wa bonde. Wananchi wa pale walitoka kwa nguvu kazi, wanaume kwa wanawake, wakachimba mlima kwa majembe na kuisogeza barabara ndani. Kazi nzuri, ngoma inapigwa, viongozi wanakuja kutazama. Ila barabara haikuwa tena pale ambapo mwili wa Mkwe uliikumbuka.

Asubuhi tulipopanda nilisema vizuri kabisa. "Wageni wapendwa, tazameni kazi ya wananchi. Barabara ya zamani imekwenda na maji, ya sasa imebana mlimani, tunapita polepole, tumebana, tumebana." Tukapita. Tulikuwa na wageni wanne na afisa mmoja aliyewasindikiza, amekaa mbele kando ya Mkwe. Mtu mwema, tulimwita Ndugu Afisa. Mmoja wa wageni alikuwa mama mtu mzima, mwalimu wa wauguzi, mpole, aliyetaka kujifunza kila salamu. Mtae alimwamkia Mkwe "Shikamoo" kwa kupiga magoti kabisa. Mkwe akacheka! Sikuwahi kumwona akicheka na mgeni. Akamwambia, "Marahaba mwanangu, simama, utachafua gauni."

Tukachelewa kuondoka Mtae. Mama yule alishikwa na kichwa, kichwa kibaya, mwanga unamuumiza, sauti inamuumiza. Tukamsubiri alale kidogo kwa mwenyeji wetu. Tulipofika Lukozi jua limeshapoa, na Malindi tukaukuta ukungu wa jioni, ule wa kulala.

Mama alikuwa ameketi kando yangu. Tangu Lukozi alikuwa amelaza kichwa begani mwangu, nami naendelea, "Wageni wapendwa, kulia," "Wageni wapendwa, daraja," na kila nikisema anakunja uso. Tukaingia msitu wa Magamba, kwenye kile kipande kilichonyooka. Nikanyamaza kama kawaida yangu. Mama akapata usingizi. Nikamsikia pumzi zimetulia.

Msitu ukaisha. Kona ya kwanza inakuja. Nikafungua mdomo, "Wageni wapendwa..."

Ndugu Afisa akageuka, akaweka kidole mdomoni. "Ndugu, hebu mwache mama apumzike. Kwani kuna nini cha kuonyesha? Ni ukungu mtupu."

Alisema kwa wema. Nami ningeweza kujibu. Ningeweza kusema, "Ndugu, dereva wetu haoni." Maneno manne. Lakini kuyasema mbele ya mgeni na afisa, juu ya mkwe wangu, ameketi pale pale anasikia? Mdomo ulikataa. Ningeweza basi kupiga kelele ya uongo, kwamba nataka kutapika, kwamba nimesahau kofia, asimamishe. Hilo nimelifikiria baadaye, usingizini, mara elfu. Pale nilinyamaza.

Kona ya kwanza aliipita. Bega likaenda lenyewe. Nikajiambia, unaona, anaijua. Kona ya pili akaipita, matairi yakasaga kokoto pembeni. Nikasema moyoni, akifika ya tatu atapunguza, anajua imehamishwa, nilimwambia asubuhi. Nikawa namtazama kisogo. Alikuwa ameinamisha kichwa upande, sikio limeelekea nyuma kwetu. Niliona, wanangu. Niliona kabisa kwamba anasikiliza.

Hakupunguza. Alikaza mwendo.

Alikwenda moja kwa moja kwenye barabara ya zamani, ile ambayo haipo.

Sitawaeleza yote. Gari liliviringika mara mbili likazuiwa na migomba ya watu. Mkwe alifia kwenye usukani. Mama yule nilimtoa mwenyewe, tukambeba kwa kitanda cha kamba na wananchi wale wale waliochimba barabara, akafa hatujafika hospitali. Ndugu Afisa alivunjika mkono. Wageni wengine walipona. Mimi nilichubuka goti. Goti tu!

Polisi waliniuliza kama dereva alikuwa na tatizo lolote. Nikasema ukungu. Ndugu Afisa naye akasema ukungu, na yeye alisema kweli kwa kadiri alivyojua. Wakaandika ukungu. Hata watu wa msibani walisema, ukungu wa Magamba ni mbaya, kazi ya Mungu haina makosa, na mimi nikaitikia pamoja nao.

Mwanaidi hakuitikia. Alijua habari ya macho ya baba yake. Tangu siku ile mpaka leo, akimtaja baba yake, lazima aongeze, "Alikuwa mkaidi, aliambiwa akakataa." Amewaambia watoto wetu hivyo. Kila mwaka tukimsomea dua, huyu mwanamke anamwombea baba yake msamaha kwa Mungu, kwa ukaidi ambao hakuufanya, na mimi niko pale mikono juu nasema amina.

Nilirudi kazini, mnajua. Nilitembeza wageni miaka mingine mingi, na madereva wengine. Sikunyamaza tena garini, hata penye kunyooka. Madereva walinichukia, wakaniita Redio. Mkinipita barabarani mkasikia nazungumza peke yangu, msidhani ni uzee.

Limebaki moja. Arobaini ya Mkwe, baada ya dua, nilikuwa nimeketi nje nyuma ya nyumba, nimeegemea ukuta wa jiko. Mama mkwe wangu alikuwa ndani. Miaka yote hiyo hakuwahi kusema nami ana kwa ana, wala mimi kumtazama usoni, ndiyo ilikuwa heshima yetu. Nikasikia sauti yake ng'ambo ya ukuta, taratibu.

"Uko hapo, baba?"

Nikasema, "Nipo, mama."

"Mila inisamehe leo tu," akasema. "Nataka kukushukuru. Marehemu aliwaficha watu wote macho yake, ila mimi hakunificha. Alikuwa akirudi kazini ananiambia, mama Mwanaidi, yule mkwe wetu ni mtoto wa kweli. Hajaniaibisha hata siku moja. Macho yangu yako mdomoni mwake. Akisema, napinda. Akinyamaza, najua barabara imenyooka."

Halafu akasema, "Mungu akulipe."

Nikasema, "Ahsante, mama." Mama mkwe alikufa akiamini hivyo, anawasimulia majirani kwamba alipata mkwe.

Basi mmetaka kufundishwa kazi, hiyo ndiyo kazi. Dereva wenu, mwenzenu, mgeni wenu, mtu yeyote anayewategemea mdomo, mkijua kona inakuja, semeni. Waamsheni waliolala. Aibisheni mtu. Mwenye kuaibika atakuchukia, lakini atakuwa hai wa kukuchukia.

Mbona mnatazama mlango? Ndiyo. Mwiko wa huko jikoni umenyamaza kitambo, na mimi nimesikia.

Kaeni hapo hapo, mvua bado. Hapana, usinishike mkono, najua njia ya jikoni. Mwanaidi... Mwanaidi, ni mimi. Nakuja huko.